Neno la Idrisa Lililonifikia Nusu

Ndugu zangu, amani ya Mungu iwe nanyi, na sifa zote ni zake! Alfajiri ya Jumatano, wiki moja baada ya Idi, mume wangu Idrisa alifariki hospitalini Nakuru. Mimi nilikuwa nyumbani Molo. Sikumuona.

Matangani, wifi yangu Rukia aliniambia mbele ya wanawake wote: "Kaka mwenyewe alikataa. Alisema, 'Msimwite Mwanaidi.'"

Ndugu zangu, nililibeba neno hilo mwaka mzima. Nilimlilia mtu nisiyejua kama alinitaka. Nikimwombea dua, ulimi unakuwa mzito.

Nikahamia Nakuru kwa binti yangu, nikaanza kwenda darsa ya wanawake msikitini. Shule yangu iliishia darasa la saba. Ustadha alikuwa anatufundisha jinsi wanachuoni wa zamani walivyopima hadithi za Mtume. Hawakukubali neno kwa sababu linapendeza, wala kulikataa kwa sababu linauma. Waliuliza: nani amekuambia? Yeye alisikia kwa nani? Walikutana kweli? Wako waliosafiri mbali kwa ajili ya hadithi moja tu. Kisha akasema jambo lililonishika: msimulizi anaweza kuwa mkweli kabisa, na bado awe amesikia kipande.

Nilifika nyumbani nikampigia Rukia. "Ulikuwepo akisema?"

"Hapana. Niliambiwa na mama anayefagia wodi."

Nikamwendea mama huyo. "Mimi nilikuwa napita na ndoo," alisema. "Nilisikia hivyo tu, nikaenda zangu. Mwenye alikuwa karibu ni Mzee Kamau wa Bahati, mgonjwa wa kitanda cha pili. Huniletea viazi mpaka leo."

Nikaenda Bahati. Mzee Kamau alinipa chai, nikamweleza habari ya darsa na neno ninalolifuatilia, akanitazama. "Mama, mimi ni mtu wa kanisa. Ushahidi wangu huko kwenu utapita kweli?"

Nilicheka, mara ya kwanza tangu msiba!

"Nesi alitaka kukupigia," akasema. "Idrisa akamwambia, 'Msimwite Mwanaidi saa hii. Njiani hapo Sachangwan kuna ukungu na malori. Mwiteni kukicha.' Alirudia, ndipo nesi akakubali."

Mungu ni mkubwa! Rukia hakudanganya. Yule mama wa ndoo hakudanganya. Neno lilifika nusu, na nusu iliyobaki barabarani ndiyo iliyokuwa na mume wangu ndani yake.

Nilimuuliza mzee kama Idrisa alisema kingine. "Hapo nililala, mama. Siwezi kukuongezea." Kwa jibu hilo nilizidi kumwamini.

Ndugu yangu, kama umebeba neno la marehemu linalokuchoma, usilimeze hivyo hivyo. Mtegemee Mungu, kisha inuka umtafute aliyekuwepo. Huenda utakuta neno ni kweli. Hata hivyo utakuwa umelijua lote.

Kabla sijatoka kwa Mzee Kamau nilimpigia Rukia. Sikumweleza kitu. Nilimpa mzee simu.