Kitabu Nilichoapia Barazani

Shikamooni wazee wangu. Na ninyi majirani zetu wa Kiislamu mliokuja kukaa nasi leo, asalaam alaykum. Wazee wa kanisa wameniomba niseme yaliyonipata bila kumtaja mtu jina. Sitamtaja. Jina litakalochafuka leo ni langu, nalo mnalijua.

Wengi wenu mlikuwapo, lakini wapo waliozaliwa baadaye, kwa hiyo nianze mwanzo.

Wazee wangu waliletwa kisiwani hapa kutoka bara, utumwani. Walikufa nikiwa mdogo, nikalelewa na mama mmoja wa hapa hapa kilimani. Yeye ndiye aliyenishika mkono akanipeleka skuli ya misheni. Nikajua kusoma, nikajua na Kiingereza, nikawa msomaji wa kanisa. Ndugu zangu, nawaambia kweli, nilijipenda. Nikisoma Jumapili, nilikuwa naisikiliza sauti yangu kuliko maneno yenyewe.

Zikaja habari kwamba serikali inakitaka kilima hiki. Wamependa upepo wake na kisima chake kitamu, wanataka kujenga nyumba ya wakubwa kupumzikia wanapozuru upande huu wa Msuka. Tuhame. Watu wakasema hatuhami.

Padri wetu wa siku zile akaniita. Hakuwa mtu mbaya, ila alikuwa na hofu kwamba skuli itafungwa. Akaniambia, "Jumapili soma ule waraka unaosema wenye mamlaka wamewekwa na Mungu. Na uwaeleze vizuri."

Nikausoma. Kisha nikaongeza yangu, ambayo sikutumwa na mtu. Nikasema anayemkatalia bwana mkubwa, yule Mzungu wa serikali, amemkatalia Mungu, na mtu huyo asisogee mezani pa Bwana. Watu waliinamisha vichwa, nami nikadhani nimehubiri.

Tulipotoka, mama yangu mlezi alikuwa ananingoja mlangoni.

"Mwanangu, hayo umeyasoma au umetumwa?"

"Yamo Kitabuni, mama."

"Haya. Kama yamo, mie nitabishana na nani?"

Wiki ile ile nyumba zikabomolewa. Watu wakapelekwa kwenye uwanda, huko njia ya Micheweni, mahali palipojaa mawe ya matumbawe, jembe ukilipiga chini linatoa cheche. Maji ya kisima cha kule ni ya chumvi. Akina mama wakawa wanatembea asubuhi nzima kufuata maji ya kunywa. Na mimi? Mimi nikapewa kazi ya ukalimani kwenye baraza la bwana mkubwa. Shati jeupe, viatu, kiti changu mwenyewe.

Mnajua kilichonimaliza? Hakuna aliyenitukana. Nilipokutana nao njiani waliniamkia kama zamani, wakaniuliza hali, wakaenda na madumu yao kichwani. Nikaanza kupita njia ya nyuma. Jumapili nikisimama kusoma, herufi zinacheza. Nikaacha kusoma, nikashika tembo la mnazi. Ndiyo, cheka tu, wewe mzee wa kanisa, uliniona. Nilianguka mchana kweupe barabara ya Shumba, na shati langu la serikali. Aliyeniokota ni jirani yetu mmoja wa Kiislamu, mzee wa heshima zake. Akaninawisha uso, akanikalisha kibarazani kwake mpaka nikajua niko wapi. Hakuniuliza neno.

Siku chache baadaye nikaona haya zimenizidi, nikafunga kifurushi cha sukari nikaenda uwandani kumtazama mama. Nikamkuta macho yamekwisha kuharibika, ananitambua kwa hatua.

"Sukari weka huko," akasema. "Kitabu unacho? Nisomee habari ya yule mfalme aliyelitamani shamba la jirani yake."

Nikatafuta, nikaiona, nikasoma. Mfalme analitaka shamba la mizabibu. Jirani anasema siwezi kukupa urithi wa baba zangu. Zinaandikwa barua, zinapigwa muhuri wa mfalme, na wazee wa mji ule ule, watu wanaomjua jirani huyo tangu utotoni, wanakubali kumwangamiza. Nilipofika kwa wale wazee, nikaacha kusoma. Nilikuwa najisoma mwenyewe.

Mama akanisogelea. Kisha akauliza kwa upole, "Na hayo yamo Kitabuni?"

"Yamo, mama."

"Basi mbona siku ile hukutusomea?"

Ndugu zangu, nililia kama mtoto mchanga. Nililia mpaka majirani wakachungulia.

Nilipotulia, akaniambia nimtolee mkoba wa ukili uliokuwa chini ya kitanda. Ndani yake mlikuwa na karatasi, imekunjwa ndani ya kipande cha kanga. Aliachiwa na mzungu wa kwanza wa misheni, yeye mwenyewe hakujua inasemaje, ila aliambiwa inahusu kilima. Nikaisoma. Ilisema kilima hiki na kisima chake wamepewa wale waliotoka utumwani, wao na watoto wao, wakae muda wote wanaotaka, na ilikuwa na muhuri wa serikali.

"Mama! Kwa nini hukuitoa siku ile?"

"Wewe ulisimama na Kitabu cha Mungu. Mie nikaona karatasi itasema nini mbele ya Kitabu?"

Tukapeleka shitaka. Siku ya baraza watu walijaa mpaka nje, wetu na wa jirani. Yule mzee aliyeninawisha uso alikuja pia, kwa sababu alikuwapo kilima kilipotolewa. Mimi, mkalimani, nikaapishwa kama desturi, mkono juu ya Biblia, kwamba nitafasiri kila neno, nisizidishe, nisipunguze.

Bwana mkubwa alikuwa mgeni, Kiswahili chake kilikuwa cha kuagizia chai. Akaisoma karatasi, akaisoma tena, uso ukambadilika. Kisha akanigeukia, akasema kwa Kiingereza maneno ambayo sitayasahau.

Nikasimama. Nikawageukia watu wote. Nikasema, "Bwana mkubwa anasema hivi: Karatasi hii ni ya kweli, lakini watu hawa hawajui kusoma. Waambie imekwisha nguvu."

Watu wakatazamana. Halafu baraza likalipuka. Yule mzee akasimama, akainua mkono: "Tumesikia sote! Mimi ni shahidi!"

Bwana mkubwa akanikemea, "Umewaambia nini?"

"Nimewaambia ulilosema, bwana. Uliniapisha."

Nilifukuzwa kazi pale pale. Nikavua viatu vya serikali nikaviacha chini ya kiti, nikaenda zangu pekupeku, na tangu siku ile sijaonja tembo.

Tukaandika barua Unguja, kwa wakubwa wa serikali. Mimi niliandika, yule mzee akatia sahihi yake kwa herufi za Kiarabu, na akaipeleka mwenyewe kwa meli. Tulingoja misimu miwili ya mvua. Jibu likaja: kilima ni chenu. Nyumba ya wakubwa ilikuwa imefika msingi tu. Msingi huo, wageni wetu, ndio mliokalia. Tumejenga kanisa juu yake.

Nawashukuru ninyi mliorudi na mkanipa kiwanja katikati yenu. Nakushukuru, mzee wangu, jirani yangu. Dini yako na yangu ni mbali, lakini siku ya haki ulisimama karibu. Namshukuru na yule padri, aliyeniandikia akasema alimwogopa mwanadamu, na akaniomba nimsamehe. Nimemsamehe, maana niliyoyaongeza yalikuwa yangu. Na mama yangu, huyo hapo mbele, hanioni, lakini anajua ninakotazama.

Ninalowaachia ni hili. Mwenye nguvu akikuletea Neno la Mungu, lipokee kwa heshima, kisha umwombe na kurasa alizoziruka. Na usimpe mtu mmoja kazi ya kuwasomea wote, hata akiwa na sauti nzuri kama yangu. Mmenicheka, lakini ndiyo sababu tumekuwa na darasa la kusoma kila Alhamisi, akina mama kwa akina baba.

Kwa hiyo somo la leo silisomi mimi. Atalisoma dada yetu muuza mihogo, ambaye mwaka jana hakuijua hata herufi moja. Dada, karibu mbele. Soma polepole, soma lote. Sisi tunakaa tunakusikiliza.