Historia ya Cephas Monari Kerosi, Mchoma Mbavu wa Rodi Kopany

Wapendwa waombolezaji, majirani wa Rodi Kopany, wakwe zetu mliotoka Kuria, na ninyi wa ukoo wetu mliotoka Uriri na Kisii, mimi ni Masese Kerosi, kaka mkubwa wa marehemu, na familia imenipa karatasi hii niisome, ingawa kuna waliotaka isomwe na mtu mwingine, na sababu yao mtaisikia humu ndani.

Cephas Monari Kerosi alizaliwa tarehe 14 Juni 1979 huko Uriri, akiwa kitinda mimba wa marehemu Mzee Kerosi na Mama Mokeira, ambaye yuko nasi hapa, wazazi waliohama kutoka Kisii mwaka wa 1971 kuja kulima tumbaku na kuuza ndizi, wakatulea katika imani ya Sabato, katika nyumba ambamo nyama ya nguruwe haikuingia na hata kutajwa mezani ilikuwa ni kukosa adabu.

Alisoma shule ya msingi hapo Uriri kuanzia mwaka wa 1986 hadi 1993, akaendelea na sekondari hadi mwaka wa 1997, na ingawa walimu walimsifu kwa hesabu, yeye alipenda chuma, kwa hiyo mwaka wa 1998 alijiunga na chuo cha ufundi mjini Migori, akahitimu uchomeleaji mwishoni mwa mwaka uliofuata.

Kazi yake ya kwanza ilikuwa kwenye banda la jua kali pale Migori, akitengeneza milango na madirisha, na mwaka wa 2003 akahamia Sori, ambako akina mama wanaokausha samaki walimpa kazi ya kuunda majiko yao ya moshi, na huko ndiko alikojifunza jambo lililokuja kumpa jina, kwamba samaki anayewekwa juu ya moto huungua nje akabaki mbichi ndani, lakini anayewekwa kando ya moto, akafunikwa na kuachwa, hupikwa na joto lenyewe.

Mwaka wa 2005, akiwa Isebania kufunga lango la ghala la mahindi, alikutana na Bhoke, binti wa Mzee Gisiri, mkulima na mfugaji wa nguruwe, na tarehe 18 Desemba mwaka huo mahari ilipelekwa, na hapa sina budi kusema ukweli, kwamba safari hiyo tulikwenda tukiwa na mashaka, kwa sababu bibi harusi alikuwa Mkatoliki, alikuwa wa kabila lingine, na alitoka karibu na mpaka, na sisi wa Uriri tulikuwa tumezoea kusema kwamba dawa zote mbaya huvukia mpaka ule. Tulikula kuku wao, lakini mimi niliangalia kwanza kama wao wenyewe wanakula.

Mungu aliwajalia watoto watatu, Nyatichi aliyezaliwa tarehe 3 Septemba 2007, Elkana wa mwaka wa 2010, na Nyangi wa mwaka wa 2014, na wote wako hapa mbele yenu.

Mwaka wa 2012 marehemu alinunua kiwanja hiki tulimosimama, akafungua karakana kando ya barabara, na katika ubatizo wa Nyangi, Jumapili tarehe 20 Julai 2014, alikata pipa la mafuta kwa urefu, akalitia bawaba na miguu, akachoma mbavu za nguruwe alizoletewa na baba mkwe wake. Wageni waliokula siku hiyo walirudi Jumapili iliyofuata bila kualikwa, na mwaka haukuisha kabla ya watu kutoka Homa Bay kuanza kupiga simu Alhamisi kuagiza za Jumapili, na marehemu akawa fundi chuma siku tano na mchoma mbavu siku moja, hapa hapa uani kwake, kwa jiko lile lile la pipa.

Kilichowashangaza watu ni kwamba nyama ile iliachia mfupa bila kuvutwa, mtu asiye na meno aliimaliza, na hapo ndipo maneno yalipoanza, wengine wakisema anasaga panadol ndani ya chumvi, wengine wakisema ni vitoto vya nguruwe vilivyokufa kabla ya kuzaliwa, na wengi wakisema ni kitu ambacho mama mkwe huleta katika chupa ya soda kutoka ng'ambo ya mpaka, ili mlaji akionja mara moja asiweze kuacha. Maneno hayo hayakuwazuia kula, lakini walikula wakinong'ona, na mlipokutana naye sokoni mlimsalimu kwanza Cephas, kisha mkamtazama Bhoke, min Nyatichi, yaani mama Nyatichi, mikononi kuona amebeba nini.

Mwezi wa Aprili 2019 afisa wa afya ya umma alipokea barua isiyo na jina, akaja na sanduku lake, akabeba kipande cha nyama, chumvi na majivu, na marehemu akafunga jiko wiki mbili hadi majibu yalipotoka kwamba hakuna kasoro. Watu wengi wameshukiwa kuandika barua ile, na jirani mmoja, Mama Metrine, alinyimwa salamu mwaka mzima kwa ajili yake. Mama Metrine, samahani. Barua ile niliiandika mimi.

Marehemu aliutambua mwandiko wangu, kwa maana nilimfundisha kuandika, lakini hakunigombeza, alinipigia simu tu akaniambia nije Jumapili tarehe 28 Aprili, saa mbili asubuhi, na nilipofika aliweka kiti hatua tatu kutoka kwenye jiko, akasema, "Kaa hapo, kaka. Usitoke hata kwenda haja. Jioni uniambie dawa umeiona wapi."

Nilikaa. Nilimwona akigeuza mbavu, akiingiza ncha ya kisu chini ya utando mwembamba ulioshikamana na mifupa, akaushika kwa kitambaa na kuuvua wote kwa mvuto mmoja, na nilipomuuliza kwa nini, alisema utando huo haulainiki hata ukipikwa hadi Krismasi, tena huzuia chumvi kupenya, na nilimwona akipaka chumvi, pilipili manga, tangawizi kavu, vitunguu saumu na sukari nguru iliyopondwa, vyote kutoka katika kopo moja jekundu, nami nikalinusa kopo hilo mara mbili. Akasukuma makaa yote upande mmoja wa pipa, upande wa pili akaweka karai la maji, na juu ya karai ndipo akalaza mbavu, akafunika, na kila aliponiona nikinyanyuka kuchungulia aliniambia, "Kila ukifunua, kaka, unaongeza robo saa."

Alipima moto kwa kiganja, akihesabu, na akishindwa kufika nane kabla ya kuutoa mkono anapunguza hewa, na baada ya muda wa saa tatu nilimwona shemeji Bhoke akitoka jikoni na bakuli lililofunikwa kwa kitambaa, nikasema moyoni, ndiyo hiyo. Nikasimama nikalifunua mimi mwenyewe. Ilikuwa maji ya nanasi. Bhoke alichota kikombe akanywa, akanipa kilichobaki nami nikakataa, ndipo marehemu akamimina kiasi kwenye karatasi ya foili, akazifunga mbavu humo saa moja na nusu, kisha akazifungua, akazipaka rojo la nyanya na ukwaju, akazirudisha motoni hadi likashika rangi. Mwisho alizinyanyua kwa koleo katikati, zikainama pande zote mbili na kupasuka juu kidogo, akasema, "Zimeiva. Umeiona?"

Nilimwambia sijaiona, na akacheka, akidhani nimekubali, lakini mimi niliondoka hapa saa tisa mchana nikiwa na shaka zaidi ya nilivyokuja, kwa sababu nilijiambia kwamba kilichofanyika kilifanyika kabla ya saa mbili. Mtu akiamua kushuku, ndugu zangu, hata mchana hautoshi.

Kuhusu ugonjwa wake, marehemu alianza kupata shida ya kumeza mwezi wa Novemba 2023, na tarehe 22 Januari 2024 madaktari walimwambia ana saratani ya umio, njia inayopeleka chakula tumboni, na kuanzia siku hiyo alikwenda kutibiwa kila baada ya wiki tatu, akisema anakwenda kununua vyuma. Sisi hatukuambiwa. Tulichoona ni mtu anayekonda, mkanda ukitobolewa tundu jipya kila mwezi, na ambaye aliendelea kuchoma mbavu kila Jumapili lakini yeye mwenyewe hazionji, bali Bhoke ndiye anayeonja na kumwambia kama chumvi imetosha.

Mnajua jinsi jambo hilo lilivyopokelewa, kwamba mpishi hali chakula chake, na kwamba kinywani mwake hakiingii kitu ila uji, na uji wenyewe unakorogwa na mke peke yake, mlango ukiwa umefungwa. Mwezi wa Desemba uliopita nilikuja na Mama tukamkuta uani amekalia ndoo iliyopinduliwa, nikamwambia mbele ya mkewe, "Twende Uriri, ukakae kwetu mwezi mmoja, ule chakula cha mama." Alimtazama Bhoke kwanza, kisha akanijibu kwamba ana vidonda vya tumbo, vitapona. Mimi nililiona tu lile jicho alilomtupia mkewe, nikalitafsiri nilivyotaka.

Alifariki Jumatano tarehe 5 Machi 2025, saa nane mchana, nyumbani kwake, mkono wake ukiwa ndani ya mkono wa Bhoke, akiwa na umri wa miaka arobaini na mitano.

Ijumaa tarehe 7 ukoo ulikaa Uriri, mimi nikiwa mwenyekiti, tukaamua kwamba mwili usizikwe hadi upasuliwe, na kwamba mjane akabidhi funguo za nyumba na karakana, na mimi ndiye niliyekuja kuzichukua. Bhoke alizitoa shingoni, kwenye kamba, akanipa. Nilichukua pia lile kopo jekundu na unga wa uji, nikavifunga ndani ya mfuko, na Jumanne tarehe 11 nikaenda navyo kwa daktari aliyefanya upasuaji.

Daktari alifungua kopo, akanusa, akaweka kidogo ulimini. Akasema, "Mzee, hii ni sukari nguru na pilipili manga." Kisha akavuta faili nene, akanionyesha tarehe za matibabu, kumi na tisa, na kando ya kila tarehe jina la aliyemleta mgonjwa, na jina lilikuwa moja. "Ndugu yako alikuwa na saratani. Huyu mama amemleta hapa mwaka mzima. Ninyi mlikuwa wapi?"

Siku hiyo hiyo nilirudi hapa, nikamkuta shemeji Bhoke akichambua mchele wa wageni, nikamrudishia funguo, nikamuuliza kwa nini alinyamaza hata tulipomwita mchawi. Alijibu bila kuinua macho kutoka kwenye ungo, "Alinikataza, shemeji. Alisema, 'Masese akijua, atasema ni nguruwe. Atasema Mungu amenilipa. Niache nife kama mtu mgonjwa tu.'"

Ndugu waombolezaji, nimelifikiria neno hilo siku kumi. Na ni kweli. Ningesema hivyo. Ningelisema kando ya kitanda chake, tena kwa upole, nikiwa na Biblia mkononi, na yeye alinijua, akachagua kubeba maumivu yake mbali na mimi, na mkewe akachagua kubeba jina baya ili mumewe apate miezi kumi na minne ya kuishi bila kuhubiriwa.

Kwa niaba ya familia nawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia bila kuchoka, na yule aliyenikemea pamoja nao, nawashukuru majirani wa Rodi Kopany kwa viti, maji na kuni, na Mama Metrine aliyelala na watoto siku ambazo sisi tulikuwa Uriri tukifanya mkutano, nawashukuru mafundi wenzake wa jua kali waliounda msalaba ule wa chuma bila kuitwa, na wateja wake wa Homa Bay, na wakwe zetu kutoka Kuria, waliokuja ingawa walijua tulichokuwa tukisema juu ya binti yao.

Shemeji Bhoke, nimekuomba msamaha nyumbani na sasa nakuomba mbele ya watu, kwa kuwa nilikutuhumu mbele ya watu. Hujanijibu, na sikudai jibu leo. Ukoo umekubaliana, na nimeweka sahihi, kwamba nyumba hii na kiwanja hiki ni vyako na vya watoto wako, na yeyote mwenye swali kuhusu kifo cha Cephas aje aniulize mimi, asikusumbue wewe.

Cephas, mtoto wa mama yangu, sikuwa mtu wa kuambiwa, na hilo ni kosa langu, si lako. Pumzika sasa kwa amani, hakuna anayekuchunguza tena.