Chupa za Wakonyo

Kaeni chini, wote watatu, na wewe Mwai uache kusimama mlangoni kama mtu aliyekuja kusoma mita ya stima, maana maneno niliyo nayo leo ni ya kukaa, na pumzi yangu haitoshi kuyarudia. Nitasema kwa Kiswahili. Wewe na dada yako Tabby niliowazaa tungeongea Kikuyu tukaelewana, lakini mke wako Gaceri alitoka kwao Meru akakaa katika boma hili mpaka nywele zikaanza kuingia mvi, na bado Kikuyu chake ni cha kununulia nyanya sokoni. Sitaki nikishazikwa aseme ati hakusikia vizuri alichonyimwa.

Nianze na yaliyo mepesi. Shamba la chini, la mtoni, ni la Mwai. Hujawahi kupanda hata sukuma wiki ikamea, lakini nilimwahidi marehemu baba yako Waweru, na ahadi ya maiti siwezi kwenda kuibishania huko. Mbuzi unaowaleta kutoka Doldol wafunge huko huko chini, wasiguse ua wangu wa rozimeri. Kile kinu kikubwa si chetu. Nilikiazima kwa kina Wangechi wa kanisani mama yake akiwa hai, na kila alipokuja kukiuliza nilimwambia niko na kazi. Mkirudishe. Msimwambie pole, mkirudishe tu. Na huyu jirani Ngatia, aliyenipeleka kwa chifu ati ua wangu umeingia kwake, siku ya mazishi mpeni chakula kwa sababu watu watakuwa wanaangalia, lakini akiomba kusema neno mwambieni muda umekwisha.

Sasa jambo lenyewe. Shamba la juu, la kando ya barabara, lenye rozimeri na seleri na dania na vitunguu, pamoja na jiko langu, na chupa za kiungo changu, na jina langu lililobandikwa kwenye chupa, ni la Tabby. Gaceri hana kitu hapo. Asichume jani, asiingie jikoni, asiuze hata kijiko kimoja kwa jina la Wakonyo.

Na kwa nini, nitaeleza, msije mkasema mama yenu alitanguliwa na akili yake kaburini. Krismasi ile mliyokuja wote, ndugu zangu wa Kangari wakiwa mezani, huyu mke wa Mwai alionja viazi nilivyopika mimi, akaweka kijiko chini, akasema mbele ya wageni kwamba kiungo changu kimekuwa kichungu. Hakuniita pembeni. Alisema pale pale, kwa ile sauti yake ya upole inayoniudhi kuliko kelele. Mwai alikula sahani yake yote akaomba nyingine. Tabby alisema ni tamu, mami, ni tamu kama siku zote. Ndipo nikajua watoto wangu ni akina nani na mgeni ni nani. Nilimwambia Gaceri arudi kwao akaonje chakula cha mama yake. Nilimwambia na mengine pia, kuhusu mimba zake zilizotoka, na kwamba mtu ambaye tumbo lake halishiki kitu asinifundishe kulisha watu. Tangu siku hiyo hajakanyaga jikoni kwangu, na hata nikifa leo hatakanyaga.

Tabby, sogea, weka simu chini. Rozimeri utachuma asubuhi umande ukishakauka, kabla jua halijawa kali, na usichume baada ya mvua hata kama mteja analia. Usianike juani. Wanawake wa huku wanaanika juani kwa sababu wana haraka, halafu wanashangaa majani yamepauka na harufu imekwenda kwa majirani. Anika kivulini, darini juu ya jiko, kwenye gunia safi, chini pakiwa na makaa tu bila moshi. Dania na seleri zitandaze nyembamba na uzigeuze, zikilundikana zinaoza katikati. Vitunguu saumu vikate vyembamba kabisa, uvikaushe polepole juu ya bati lenye joto dogo, na usiondoke hapo, maana saumu ikiungua kidogo tu imeharibu chupa zote. Rozimeri itwangwe peke yake kwanza, ni ngumu, ukiitwanga pamoja na wenzake itabaki vijiti vya kuchoma watu koo. Chumvi ndiyo ya mwisho, ikaangwe kavu, ipoe. Usifunge chupa ingali na joto, itatoa jasho ndani na kuota ukungu. Na kila mara uonje, kwa sababu seleri ya kiangazi si seleri ya mvua. Hiki si kiungo cha harusi. Ni cha githeri, mahindi na maharagwe ya siku ya kazi, cha sukuma ya mtu aliyerudi nyumbani amechoka na hana nyama, ale ahisi kuna mtu alimfikiria.

Nipe ile chupa iliyo dirishani. Hiyo, ya mwezi uliopita, niliyotengeneza mwenyewe nikiwa nimekaa kitini kwa sababu miguu imekataa. Tazama rangi yake. Nitilie kidogo ulimini. Haya. Tamu. Yule mama wa hoteli pale Chaka alimwambia Mwai kwamba cha mwaka huu kimeshinda cha miaka yote. Mikono yangu inakufa na bado inashinda ya wengine. Gaceri, umesikia? Huo uchungu uko wapi?

Mbona unalia, Tabby? Sijafa bado. Sema kwa sauti. Hulitaki shamba? Hujui kutengeneza? Si nimekueleza sasa hivi, hata mtoto wa nasari angeshika. Mwai, nyamaza, mwache dada yako aseme. Sema tena, mama.

Unasema hiyo chupa si yangu.

Ngojeni. Niinue kidogo, uweke huo mto. Ngojeni nivute pumzi.

Kwa hivyo, kama nimeelewa, hoteli za Chaka zilirudisha chupa zangu. Na tangu hapo, Mwai, kila nilichokupa ukauze ulikimwaga shimoni nyuma ya choo, na mke wako akatengeneza kingine kwenye jiko lake, mkajaza chupa zangu, zenye jina langu, nyingine mkazirudisha hapa dirishani ili nizitazame nikifurahi. Saumu nilikuwa naiunguza. Pua haisikii, basi naiunguza. Nyinyi wawili mlionja mkajua, mkasema tamu, mami. Gaceri alipotaka kunieleza mara ya pili mlimzuia. Ati mwacheni mzee afe na furaha yake. Hayo ni maneno yako, Mwai? Tikisa kichwa tu, hiyo kazi unaiweza.

Basi jueni na hili. Mlichonitilia ulimini sasa hivi nimekiita kitamu, na sikusikia kitu. Tangu nianze dawa hizi, chumvi na majivu kwangu ni kimoja. Nilisema tamu kwa sababu nyinyi mlisema tamu. Niliazima ndimi zenu, na mkanidanganya nazo.

Nabadilisha. Shamba la juu ni la Gaceri. Usipige magoti, inuka, sikupi kwa upendo. Sikukupenda ulipokuja na sikupendi leo, na yale niliyokuambia kuhusu mimba zako sitayaomba msamaha, maana nikiyaomba sasa nitakuwa najipamba kwa ajili ya Mungu, na yeye ameshayasikia. Nakupa kwa sababu ulimi wako unaonja na mdomo wako unasema. Lakini jina halibadiliki. Chupa zitaandikwa Wakonyo. Utatwanga mpaka mabega yaanguke kama haya yangu, na watu wa Chaka watamsifu Wakonyo, na wakikuuliza wewe ni nani utasema wewe ni mfanyakazi wake. Ulikubali kujificha ndani ya chupa zangu. Basi kaa humo.

Tabby, wewe rudi Nanyuki, huna kitu hapa. Umelia leo kwa kuogopa kazi, hukulia kwa ajili yangu. Mwai, la mtoni limebaki lako, lakini Gaceri asikutilie kiungo tena kwenye chakula chako, si leo, si nikishaoza. Akupikie cha maji na chumvi, na ukimaliza uombe sahani nyingine, kama unavyojua kufanya.

Maji. Kidogo. Hapana, Tabby, weka chini, sitaki kutoka kwako.

Mnizike kando ya Waweru. Chakula cha mazishi apike Gaceri, na watu wale washibe, hata Ngatia. Chini ya kitanda hiki kuna chupa nyingine, niliyoijaza juzi, Mwai hajaiona, kwa hivyo hiyo ni yangu kweli. Msiimwage. Siku hiyo mtiliwe nyinyi wawili, Mwai na Tabby, kijiko kizima kila mmoja, mkae mbele kabisa watu wakiwaona, mmalize sahani. Na mtu akiwauliza, mseme ni tamu. Gaceri, uhakikishe. Uwasimamie.

Sasa nyosheni mikono, niwatemee baraka kama mama yangu alivyonitemea mimi. Mwai kwanza. Fungua kiganja. Hakuna mate. Nilidhani yapo. Haya, chukua hivyo hivyo, kavu. Mungu akupe chakula na meno ya kukitafuna. Tabby, mkono. Mkono wa kulia. Mungu akupe binti... akupe binti anayefanana na wewe.

Fungeni dirisha, baridi. Gaceri yuko wapi? Karibia. Karibia zaidi, siwezi kupaza. Mkono wako una harufu... siisikii, lakini najua ni ya rozimeri. Wewe sikutemei. Nitakuambia tu. Ulimi wako nao utakufa. Utakaa hapa nilipo, na walio wako watakuzunguka. Utaonja. Watakuambia ni tamu, mami. Na wewe... na ujuzi wako wote... utawaamini. Maana utakuwa unawapenda.