Saa ya Jua ya Beltsville Haifutwi Namba

Mgeni rasmi, Mheshimiwa Mutai, mwenyekiti wa kamati ya bustani za jamii. Wajumbe mlioongozana naye. Mzee Purohit, uliyetoka kitandani leo kwa ajili yetu. Ndugu zetu wote:

Karibu. Chakula kipo na kiti chako tumekiweka kivulini, lakini risala hii hatukuitia sukari. Kamati yako imetuamuru kwa barua tufute namba kwenye saa yetu ya jua tuandike nyingine, la sivyo tuibomoe kabla ya baridi kuingia. Umekuja kuona kama tumetii. Hatujatii, na tutakueleza kwa nini.

Ilikotoka saa hii

Mwenzetu Domina, mtu wa Songea, anahudumia wazee majumbani. Alipangiwa nyumba ya Mzee Purohit kule College Park, mhandisi mstaafu aliyezaliwa Jaipur. Mzee alikataa dawa, akakataa uji, akakataa hata kusalimiwa. Asubuhi moja Domina akafungua pazia, jua likamulika picha iliyotundikwa ukutani: ngazi kubwa ya mawe inayopanda juu na kuishia hewani.

"Baba, hawa mafundi waliishiwa mawe?" akauliza.

Mzee akacheka mpaka akakohoa. Siku hiyo uji ulikwisha bakulini.

Kuanzia hapo ikawa uji kwa hadithi. Mzee alimsimulia Domina kwamba India walipima mbingu tangu zamani sana, na kwamba katika karne ya tisa, kule Kerala, mji wa Mahodayapuram ulikuwa na mahali pa kutazamia nyota. Wakati waliupima kwa bakuli la shaba lenye tundu chini. Linaelea, linajaa maji taratibu, likizama ghati moja imepita. Siku nzima ni ghati sitini.

Kisha karne ya kumi na nane akaja mfalme Jai Singh, aliyechoshwa na vyombo vya shaba. Vilikuwa vidogo, vyuma vyake vya kuzungukia vikilika, vipimo vikiyumba. Akajenga vyombo vya falaki kwa mawe na chokaa, vikubwa kama majumba, huko Delhi, Jaipur, Ujjain, Varanasi na Mathura. Ile ngazi ya pichani ni saa ya jua ya Jaipur. Kivuli chake huhama karibu upana wa kiganja kila dakika. Ukisimama, unakiona kinatembea.

Domina alikuwa anamsugua mzee miguu, akaacha.

"Hizo ghati walianza kuzihesabu lini?"

"Jua linapochomoza."

"Kumbe kama sisi. Kwetu jua likishatoka ndipo tunahesabu saa moja."

Mzee alimtazama kama amemwona leo. "Basi jengeni yenu," akasema.

Tulivyoijenga

Domina alipotuletea maneno hayo hapa bustanini, fundi wetu Lusekelo alimwuliza, "Dada, huo ukuta ni wa kuzuia nini?"

"Wa kuzuia jua. Kidogo tu."

Tukachanga matofali yaliyobaki makazini, tukajenga. Tukanakili mshazari kama ulivyo pichani, na kivuli kikatudanganya wazi. Mzee aliposikia alicheka tena. "Mmejenga saa ya Jaipur. Ukuta unatakiwa uelekee nyota ya kaskazini, na kwenu huku nyota hiyo iko juu zaidi." Tukauvunja, tukauinua zaidi. Sasa mwenzetu Gahungu anaondoka kwenda kazini kwa kivuli hicho, Sabine, mtu wa Uvira, anawaitia watoto chakula kwa kivuli hicho, na matembele na mchicha, ambao baadhi yetu huuita lengalenga, vinamwagiliwa kwa kivuli hicho. Namba tuliandika zetu. Jua likiwa juu kabisa, ukuta unasema saa sita.

Shida yetu ni moja

Jirani alilalamika. Akaja kijana wa ofisi yako na simu mkononi, akasema saa imekosewa, simu inahesabu tangu usiku wa manane, wageni watapotea.

Sabine akamjibu, "Sasa jua ya Beltsville nayo iko na bosi?"

Mheshimiwa, simu hiyo yenyewe husogezwa saa moja mbele kila mwaka, kisha hurudishwa nyuma. Jua halijapata taarifa. Mshazari ulikuwa kosa, tukauvunja wenyewe, hakuna aliyetuamuru. Namba si kosa. Ni hesabu yetu, tumekuja nayo, inafanya kazi Maryland kama inavyofanya kazi Uvira na Songea. Mwaka huu hatukuombi mabomba wala mbolea. Tunaomba kuachwa.

Na kubomoa, tunajua kunaishia wapi. Vile vituo vitano vya Jai Singh, vinne vinatazamwa mpaka leo. Cha Mathura kilivunjwa, mawe yakachukuliwa, na hakuna mtoto anayeweza kuonyeshwa kilipokuwa. Mzee Purohit hatarudi Jaipur, daktari ameshasema. Ngazi atakayoitazama ni hii. Ndiyo maana Domina amesema atakayekuja na brashi aje na mwingine wa kumwondoa yeye pale ukutani, na sisi tutakuwa nyuma yake.

Ombi letu

Mheshimiwa, wewe umekulia Kericho. Mama yako alipokuambia urudi saa kumi, ulirudi jioni, si saa nne usiku simu inapoandika kumi. Kwa hiyo tunakuomba jambo dogo. Ukimaliza kutusikiliza, inuka, nenda pale kivuli kilipofika, usome kwa sauti ni saa ngapi, Mzee Purohit akusikie.

Ukiweza kuisoma bila kuuliza mtu, umeshajibu barua yako mwenyewe.

Mungu anayelichomozesha jua bila kuomba kibali akupe afya, akulinde barabarani, na akurudishe hapa wakati wa mavuno.

Ni sisi,
Wakulima wa Bustani ya Lengalenga,
Beltsville, Maryland