Nimekuja Kukaa: Maisha ya Barnaba Lisamula, Mkalimani wa Sinema za Faraja

Nani kati yenu mlioketi chini ya hema hii hajawahi kuingia kwa boma la matanga, akamshika mfiwa mkono, akamwambia "jikaze", kisha akageuka kuuliza chai inapatikana upande gani? Asimame tumwone. Kama hakuna basi tuendelee, maana historia hii ni ya mtu aliyeling'oa neno hilo kwa sinema miaka mitano, akafutwa kazi kwa ajili yake, na familia haikuja hapa kumwombea msamaha kwa mtu yeyote.

Marehemu Barnaba Lisamula alizaliwa tarehe 14 Machi 1946 hapa hapa Iguhu, mtoto wa tatu kati ya sita, akaanza shule mwaka 1954, akafanya mtihani wa darasa la nane mwaka 1961 na kupita vizuri, akasoma hadi kidato cha pili, na hapo masomo yakakomea. Kiingereza chake, ambacho baadhi ya waheshimiwa wa safu ya mbele walikuwa wakikicheka, alikiokota kwa magazeti ya kufungia nyama, akakisoma na mafuta yake yote, na bado alikijua kuliko watu wenye vyeti vya kutundika ukutani.

Kuanzia mwaka 1966 alikuwa karani wa soko pale Khayega, halafu kuanzia 1974 akawa karani wa kupima miwa, kazi aliyoifanya hadi alipopunguzwa pamoja na wengine mwishoni mwa mwaka 1990, kwa barua ya mistari minne ambayo hata jina lake iliandika vibaya.

Tarehe 12 Desemba 1970 alifunga ndoa kanisani na Rachael, binti wa mzee Wangila wa Likuyani, watu wa mahindi, ambao mpaka leo wanasema walimtoa binti yao penye gunia wakampeleka penye debe. Mungu aliwajalia watoto watatu, Beverly aliyezaliwa mwaka 1971, ambaye ndiye anayewasomea historia hii akiwa na digrii yake na bila kazi yoyote, Jairus aliyezaliwa mwaka 1974, na Phoebe aliyezaliwa mwaka 1979, akafariki kwa surua tarehe 3 Mei 1983 kabla ya kutimiza miaka minne.

Kwa matanga ya Phoebe watu walijaa, hilo familia haikatai, na kila aliyeingia aliacha neno lake mlangoni kama mwavuli, huyu akisema jikaze, yule akisema mtazaa mwingine, mwingine akisema Mungu huchukua maua mazuri, mpaka Barnaba akatoka akaenda kusimama nyuma ya choo ili asimpige mtu. Mtu mmoja tu hakusema kitu. Senge Musimbi, dada ya baba yake, alikuja kwa miguu na stuli yake ya miguu mitatu kichwani, akaiweka kando ya Rachael, akakaa, akaanza kumenya maharagwe, akakaa hivyo siku tisa, na siku ya kumi alipoinuka kwenda kwake aliiacha stuli hiyo pale, akisema maneno aliyoyasema peke yake katika matanga yale yote: "Hii ibaki. Kuna mwingine ataihitaji."

Kazi iliyompa marehemu jina, na matata pia, aliianza tarehe 4 Februari 1991, alipoajiriwa na mradi uliokuwa ukizungusha filamu za kufundisha watu jinsi ya kuwafariji wagonjwa na waliofiwa, wakati ambapo ugonjwa ule tuliokuwa tukiuita kwa kunong'ona ulikuwa umeanza kumaliza nyumba nzima nzima. Filamu zilikuwa za Kiingereza, zikionyeshwa mchana ndani ya makanisa na madarasa, madirisha yamezibwa kwa mablanketi ya kuazima, na Barnaba akikaa kwenye stuli ya Senge Musimbi kando ya mashine, maikrofoni mkononi, akiyageuza maneno ya wazungu kuwa Kiswahili, na penye wazee wengi, Kiluhya.

Sasa sikilizeni vizuri. Katika filamu ya kwanza kulikuwa na mama aliyefiwa na mtoto, amelala kitandani amegeukia ukuta, na nesi mmoja msafi sana amesimama juu yake, mikono ameifunga mbele, akimwambia, "You must be strong, time is a healer, you must accept," yaani jikaze, wakati utakuponya, kubali tu. Barnaba aliiona filamu hiyo mara ya kwanza ofisini, akakumbuka nyuma ya choo, na siku ya kuionyesha pale Khayega, nesi alipofungua mdomo, sauti iliyotoka kwa maikrofoni ilisema, "Mama, sina la kukuambia. Nimekuja kukaa."

Hapo mama mmoja wa viti vya nyuma, Mama Priscah muuza samaki wa omena, ambaye yuko hapa na anaweza kushuhudia, akauliza kwa sauti, "Huyu anasema amekuja kukaa na bado amesimama, kwani miguu yake haikunjangi?" Watu wakacheka mpaka mablanketi yakaanguka madirishani, na Barnaba, badala ya kuwanyamazisha, akajibu kwa maikrofoni, "Anangoja mumpe kiti." Kisha akainuka, akaibeba stuli yake, akaiweka mbele ya shuka nyeupe ya kuonyeshea picha, chini ya miguu ya nesi, akatafsiri filamu iliyobaki akiwa wima, na mle ndani wanawake wakaanza kulia kilio cha watu waliokuwa wameambiwa wajikaze miaka mingi.

Tangu siku hiyo, popote filamu ilipofika, stuli ilitangulia mbele ya shuka, na kidogo kidogo, kutoka Khayega hadi Likuyani, watu wakaanza kwenda kwa wagonjwa na kwa matanga wakiwa na viti vyao kichwani, wanafika, wanakaa, hawahubiri. Ripoti za mradi zilisema filamu zimefaulu ajabu. Filamu? Filamu zilikuwa zinasema be strong.

Miaka mitano hakuna bosi aliyegundua, kwa sababu hakuna bosi aliyekaa hadi mwisho, mpaka mwezi Julai 1996, mgeni mmoja kutoka Nairobi aliyejua lugha zote mbili alipoketi akasikiliza. Tarehe 18 Julai, siku ya Alhamisi, Bwana Willis Patroba, msimamizi wa mradi, ambaye tumemwona akifika na shada la maua kubwa kuliko jeneza, alimwita Barnaba ofisini na kumshtaki kwa kupotosha filamu. Marehemu alisimulia mwenyewe jinsi alivyomjibu, na familia inayaweka maneno yake kama yalivyo: "Bwana Patroba, hiyo be strong ningeitafsiri sawasawa, wale akina mama wangempiga nesi wenu mawe, shuka ingepasuka, na mngenikata mshahara kulipia shuka." Akafutwa siku hiyo hiyo, na nafasi yake akapewa kijana wa mtu anayejulikana, anayetafsiri neno kwa neno, na makanisa sasa hayajai.

Barnaba hakurudi nyumbani kukunja mikono. Kila asubuhi aliichukua stuli, akaenda hospitalini, akakaa kando ya wale waliokuwa wamewekwa mwisho wa wodi ambako hata sahani ya obusuma, ugali wetu, ilisukumwa kwa mguu, anashika mkono, ananyamaza, na akiulizwa na walinzi yeye ni nani wa mgonjwa, anasema yeye ni wa kukaa.

Mwezi Januari 1998 sauti yake ilianza kukwaruza, tukamcheka kwamba maikrofoni imemkimbia, na tarehe 3 Februari madaktari wakasema ni saratani ya koo. Tarehe 9 Juni alilazwa katika hospitali ambayo familia imeamua kutoitaja, kwa kuwa wakubwa wake wameketi hapa na wanajijua, kitanda namba kumi na moja, hawezi tena kusema, na mama Rachael akakaa kando yake kwa stuli ile ile. Jumapili tarehe 21 Juni, saa nane mchana, ilitoka amri kwamba viti vya watu vinachafua wodi, wageni wasimame, tena kwa saa moja tu, stuli ikanyang'anywa na kufungiwa stoo, na mama Rachael, akimlilia mkubwa wa wodi amwache hata akae sakafuni, akaambiwa, "Mama, jikaze," akatolewa nje. Saa tisa Barnaba alifariki. Mfagiaji wa wodi, aliyemkuta, alituambia mkono wake ulikuwa nje ya blanketi, umenyooshwa upande ule stuli ilipokuwa.

Familia inamshukuru daktari kijana aliyemtibu bila kumdanganya, mfagiaji huyo aliyemfunika mkono, majirani wa Iguhu, na watu wa Khayega waliofika leo asubuhi na viti vyao kichwani, hata hatukuhitaji kukodisha. Bwana Patroba, asante kwa maua.

Barnaba, pumzika sasa, umekaa na watu vya kutosha. Lakini ninyi wa hospitali, mlio hapa na funguo mifukoni, msipumzike. Hatuitaki ile stuli nyumbani. Fungueni stoo kesho asubuhi, muirudishe kando ya kitanda namba kumi na moja, na anayekuja kukaa, mwacheni akae.