Maji ya Ghaibu Yaliyonipa Paspoti

Asalaam alaykum, mama zangu na dada zangu wa mchezo wetu wa kuchangiana fedha. Leo zamu ya kusema ni yangu, na mwenye nyumba ameniomba nisikuchosheni. Nimemwambia avumilie tu, kahawa anayo.

Nitakuhadithieni nilivyokaa bila ya paspoti, na nani aliyenitoa. Majina sitayataja, maana wengine wana wajukuu humu ndani.

Nilikuja huku Oman, hapa Ibra, miaka ya tisini kumfuata mume wangu, na paspoti ya kule nilikozaliwa, Bujumbura. Vita vikachacha kule, paspoti ikaisha muda wake nikiwa hapa, na pa kuihuisha sikupata. Mama yangu alikuwa amekimbilia Kigoma na wadogo zangu. Siku moja akaniletea salamu kwa kinywa cha msafiri: "Mwambieni macho yangu yanakwisha. Aje nimwone kabla hayajazima." Ndugu zangu, nawaambia, nilikuwa nikisonga ugali huku nalia. Bila ya paspoti sitoki, na macho hayangojei mtu.

Mume wangu, ambaye karatasi zake zilikwisha kamilika, akanipeleka kuomba paspoti ya Oman, kwa kuwa babu yangu mzaa baba alikuwa mtu wa huku. Kijana wa dirishani alikuwa na adabu zake. Akaisoma paspoti yangu ya zamani, akauliza, "Huyu Chumvi ni nani?"

Ni babu. Alikuwa akiuza chumvi, wateja wakamwita Bwana Chumvi, na jina likamganda mpaka likaingia serikalini. Sisi wajukuu hatukulijua jingine. Mnacheka, na nusu yenu mna babu Sukari na babu Mafuta.

Kijana akaniambia, "Mama, watafute jamaa zako. Waje na sheikhe wa kabila lao washuhudie kuwa wewe ni mtoto wao."

Tukazunguka. Sinaw, kwenye soko la mbuzi, naulizia jamaa za Bwana Chumvi. Wazee wakacheka mpaka wakaegemea fimbo zao. Nizwa vilevile. Nikarudi nyumbani nimekata tamaa, nikajiona si wa huku wala si wa kule.

Jirani yangu, bibi mmoja wa Kiunguja, akaja kunitazama. Nikamwamkia shikamoo kwa sauti ya kilio.

"Marahaba. Lakini na wewe mwanangu, jina hilo babu yako kapewa na watu wa Bujumbura, watu wa Sinaw walijue wapi? Uliza nani aliondoka asirudi. Kila kijiji kina wake."

Tukaanza upya. Katika kijiji kimoja, si mbali na hapa, mtu akatujibu, "Aliyeondoka? Maji yake tunayo." Mnajua falaji, mfereji wa maji ya kijiji kizima, inavyogawiwa. Kila nyumba ina zamu yake ya kufungulia mfereji, na zamu huuzwa, hurithiwa. Pale kulikuwa na zamu moja ikiitwa maji ya ghaibu, yaani ya mtu asiyekuwepo. Mwenyewe alikwenda Bara, kule Afrika, akiwa kijana, nduguye akabaki kuimwagilia mitende yake. Nduguye alipokufa, mwanawe akaendelea. Huyo mwanawe ndiye ami yangu.

Nilimkuta miguu imo matopeni, jembe mkononi. Msidhani alinikumbatia.

"Babu yako alikuwa na alama gani?"

Nikamjibu kuwa kidole gumba cha kushoto hakikuwa na ncha, na akitwambia mtende ndio uliomla.

Ami akaliweka jembe chini. "Si mtende," akasema. "Ni mundu, na aliyeushika ni baba yangu. Walikuwa watoto." Akalia mtu mzima yule, na mimi nikalia.

Miaka ya ukame falaji ilibaki kama uzi, na watu walimshika ami aiuze zamu ile. Hakuiuza. Mitende yake mwenyewe ikakauka, ya ghaibu ikanywa. Nilipomwuliza kwa nini, aliona swali langu la ajabu. "Si yangu," akasema. Wallahi, mwanamume kama huyu sijamwona tena.

Akanipeleka yeye mwenyewe kwa sheikhe, akashuhudia. Ilichukua muda, lakini paspoti ikatoka.

Nikafika Kigoma na kikapu cha tende za mitende ile. Mama alikuwa bado anaona kidogo. Akanivuta uso mpaka karibu na wake, akanitazama sana. Kisha akaonja tende. Babu alikuwa kila siku akiisifu mitende yake, na mtaa mzima ukimwita mwongo, mama akiwemo. Akaitema kokwa kiganjani.

"Kumbe mkwe wangu alikuwa na kwao," akasema. "Na mimi nikimcheka."

Paspoti hiyo nimekwisha kuihuisha, na dirishani hawaniulizi tena habari za chumvi. Namshukuru yule bibi, Mungu amrehemu. Namshukuru kijana mwenye adabu, na mume wangu aliyechoma petroli bila ya kununa. Na nyinyi mnaongoja karatasi zenu, msivunjike moyo. Huenda kuna mtu anakushikieni zamu na hamumjui.

Ami sasa magoti yamemkataa, kwa hivyo zamu ikifika nakwenda kufungua mimi. Juzi nikamwambia, "Ami, ghaibu karudi. Maji haya yabadilisheni jina."

Akaniuliza, "Wadogo zako bado wako Kigoma?"

Nikamwambia wako.

"Basi fungua maji," akasema. "Jina liache."