Soli Zilizoisha Upesi

Kosa la Fundi Funguo lilianza kwa kicheko, kama yaanzavyo makosa mengi ya watu wamchao Mungu, maana yale yanayoanza kwa hasira huwa wanayaona mapema na kuyakimbia. Shemeji yake alimjia na viatu mkononi, vizima kabisa, akamwomba amsaidie. Alikuwa amependa vingine, vyekundu, kwa yule binti mbunifu wa viatu aliye ng'ambo ya barabara, na binti hakuuzii jozi ya pili mpaka aione ya kwanza. Ndio utaratibu wake tangu afungue duka. Ukitaka vipya, lete vya zamani aone soli. Soli ikiwa nzima, utapewa kiti, utapewa maji, utang'arishiwa viatu vyako bure na kurudi navyo nyumbani. Ikiwa imekwisha, atabaki na viatu aweke nyingine, na hapo ndipo atakubali kukupima mguu upya, ili jozi mbili zipumzishane.

Basi Fundi Funguo akacheka, akashika tupa. Alijua shemeji yake hukanyagia upande wa nje, kwa hiyo akakisaga kisigino upande huo. Akapunguza chini ya kidole gumba, akapitisha msasa, akapaka vumbi la barabarani. Kazi ikatoka safi hata mwenyewe akaistaajabia. Shemeji akapata vyekundu vyake. Shemeji akamwambia rafiki, na rafiki ana rafiki. Wakawa wanazunguka nyuma ya kibanda chake cha kuchongea funguo, viatu ndani ya mfuko, wanakohoa kwanza. Hakupokea malipo kwa yeyote, na kwa hilo akajihesabia haki. Asubuhi alisali kabla ya kufungua sanduku la vifaa, jioni alisali baada ya kulifunga, na katikati alisaga soli.

Kijiwe cha mazungumzo ni ubao mrefu chini ya bati la kibanda hicho, umetazamana na duka la binti. Hapo hukaa Refa, aliyewahi kupuliza filimbi kwenye mechi za mtaani na tangu hapo hajaacha kuwahukumu watu. Simu, kijana atengenezaye simu za watu na kusikia habari kabla hazijatokea. Na Mama Kahawa na birika lake, ambaye hakai ila hapitwi na neno. Yule binti wa ng'ambo wanamwita Polepole, na jina lilianza kama dhihaka likaishia kuwa heshima. Asubuhi moja mlango wa Polepole ulikuwa wazi pande zote mbili. Vitu vilikuwa vinatoka nje: magunia ya kalibu, ile miguu ya mti anayoshonea viatu juu yake, kisha ngozi zilizovingirishwa, kisha cherehani kubwa ya kushonea soli, imefunikwa shuka kama mgonjwa.

— Anahama, alisema Simu.

— Hahami, alisema Refa. Anafunga. Nilimwambia, ngoja ngoja huumiza matumbo. Mtu gani anashona kiatu kimoja wiki nzima wakati dunia inakimbia?

— Wewe ulimwambia lini? Kila siku unamsifu.

— Nilimwambia moyoni.

Fundi Funguo alikuwa na ufunguo kwenye jiwe la kuchongea. Aliendelea kuchonga, akatazama, akaona ameharibu jino la tatu.

Mama Kahawa ndiye aliyeleta habari yenyewe. Alikuwa amempelekea binti kikombe, akamkuta ameketi sakafuni, viatu vimepangwa mbele yake, vimepinduliwa, soli juu. Alisema binti hakuwa akilia, na hilo ndilo lililomtisha. Akawaeleza pole pole, akimimina, akiwataja hata wenye viatu. Vile viatu vyote vimeletwa na wenyewe ndani ya msimu mmoja, vimekwisha. Na huyu ni mtu aliyewaahidi watu miaka mingi. Mwanzoni alidhani ni ngozi moja mbovu. Akachunguza. Akagombana na yule mzee anayemletea ngozi tangu siku ya kwanza, akamwambia asirudi tena mlangoni pake. Akaleta ngozi ya kwingine, nayo ikaisha vilevile. Sasa amebaki na jibu moja, kwamba ubovu uko mikononi mwake.

— Ameniambia hivi, alisema Mama Kahawa, na akaweka birika chini ili aseme vizuri. "Mama, kama siwezi kutengeneza kiatu kinachodumu, heri nikatengeneze vile ambavyo kila mtu anajua havidumu. Angalau huko hakuna uongo." Amekubali kurudi kiwandani. Wiki ijayo anaanza.

Kijiwe kizima kilikijua hicho kiwanda. Binti alianza kwa kushona ndara zilizokatika kizingitini kwa mama yake, akaonekana ana mkono, akachukuliwa kiwandani kuchora mitindo. Mwezi huu ncha kali, mwezi ujao ncha butu, mwezi wa tatu ncha kali tena. Siku moja akapita nyuma ya ukuta akakuta vile vya ncha butu alivyochora mwenyewe vinachomwa moto, vipya, na bado vina karatasi ndani. Hakumaliza mwezi. Akakodi kile chumba, akaandika juu ya mlango kwa rangi, bila mapambo: Kiatu kimoja, miaka mingi. Na sasa alikuwa amepanda juu ya kiti, anayakwangua maneno hayo kwa kisu.

Fundi Funguo aliona kisu kinavyokwenda akahisi kama kinapita kifuani mwake. Alitaka kusema. Badala yake akachukua ufunguo mwingine.

— Mgema akisifiwa, tembo hulitia maji, alisema Refa. Hukumu yangu ndiyo hiyo. Tulimsifu mno, akaanza kupunguza ngozi.

— Si kweli, alisema Fundi Funguo. Ikamtoka kwa nguvu mpaka wakamgeukia.

— Si kweli kwa nini?

— Namjua tu.

Simu alikuwa na nadharia yake. Alisema tatizo ni ng'ombe. Zamani ng'ombe walitembea kutafuta majani, ngozi ikakomaa. Siku hizi ng'ombe analetewa chakula kitandani. Ngozi ya mnyama aliyezoea kulala itaupenda vipi mwendo? Mtaka cha mvunguni sharti ainame, alimalizia, na Mama Kahawa akamuuliza methali hiyo imeingia kwa mlango upi. Simu akasema imo, watafakari. Kisha akaiacha mwenyewe na kuhamia kwenye lami. Lami hii mpya, alisema akishusha sauti, imewekwa dawa. Wenye kiwanda wamelipa iwekwe, ili ile soli ya ngozi na ile ya plastiki zife siku moja.

— Basi na matairi yangeisha, alisema Refa.

— Nani kakwambia hayaishi?

Refa hakukubali kushindwa na kijana. Alisema amefikiri upya. Watu wanavivaa usiku. Si kwa kujua; wanalala navyo moyoni kwa sababu wanavipenda, mwili unaamka peke yake, unavivaa, unatembea mtaa mzima mpaka alfajiri, asubuhi mtu anashangaa soli imekwenda wapi. Yeye mwenyewe aliwahi kuamka amechoka magoti bila sababu.

— Huo ni uzee, alisema Mama Kahawa.

— Cheka tu. Kikulacho ki nguoni mwako, na kilacho kiatu ki kitandani mwako.

Wakacheka. Fundi Funguo hakucheka. Alikuwa amelisikia neno la kwanza tu, kikulacho. Akapiga hesabu ya mtu mwoga. Mtu akikupa ufunguo umchongee wa pili, amekupa nyumba yake yote, na watoto waliolala ndani. Haangalii uzuri wa jino la ufunguo, anakuangalia wewe. Nani atampa ufunguo mtu anayetumia tupa kughushi? Na wale kina mama je, awataje? Shemeji je, amwaibishe mbele ya mumewe? Akajiambia binti ni kijana, ana kipaji, kiwandani atapata mshahara, pengine ndiyo riziki aliyoandikiwa. Akamwingiza Mungu katika jambo hilo, na papo hapo akaona aibu, maana Mungu hakuwa na tupa.

Polepole alishuka kwenye kiti, akavuka barabara akija kwao. Wote wakatazama vikombe. Alisalimia kila mmoja kwa zamu yake, wakubwa kwanza. Kisha akamnyooshea Fundi Funguo ufunguo wa duka. Alimwita mjomba, kwa kuwa marehemu mama yake na huyu mzee walitoka kijiji kimoja wakaitana kaka na dada.

— Mjomba, nitunzie mpaka mwenye nyumba aje. Nimewafikiria wengi, nikaona kwako hakuna shaka.

Aliupokea. Alitaka kusema ngoja, lakini tayari alikuwa amejibu, "Haya, mwanangu," na binti alikuwa amegeuka.

Pikapu ikaja ikasimama mbele ya duka. Dereva alikuwa amenunua cherehani kwa ajili ya kaka yake anayeshona mahema. Walipoipandisha, yeye na Polepole, alikuja kijiweni kuomba kikombe wakati binti anatafuta kamba. Alikuwa mtu mgeni, mpole, wa kuuliza uliza. Akawauliza dada yule anaacha kwa nini. Wakamweleza wote pamoja, ng'ombe, lami, watu wanaotembea usingizini. Alisikiliza yote kwa adabu. Kisha akaitazama miguu ya Refa.

— Hivyo ni vyake?

— Vyake. Tangu binti yangu wa mwisho hajaolewa. Sasa ana watoto shuleni.

— Na vyako, mama?

Mama Kahawa alinyanyua mguu. Anatembea mtaa mzima na birika kila siku aliyoiumba Mungu, na soli ilikuwa nene kama kipande cha mkate. Simu naye, bila kuulizwa, akavua chake akakigeuza, akakitazama kana kwamba amekiona leo.

— Sasa, alisema dereva, mnaotembea ni ninyi, na vyenu vizima. Hao ambao vyao vimekwisha, huwa wanakwenda wapi?

Refa alifungua mdomo wa hukumu, akaufunga. Walitazamana, na mmoja mmoja wakawakumbuka wenye vile viatu vya sakafuni: mke wa fulani anayepanda gari kila aendako, yule mama anayekaa dukani kutwa, na shemeji wa Fundi Funguo ambaye hata maji huletewa. Macho yakaanza kutembea ubaoni. Hayakuwa yamefika kwake, lakini Fundi Funguo aliyaona yanakuja.

Akasimama kabla hayajafika. Akavuka barabara. Polepole alikuwa nyuma ya pikapu anakaza kamba kwenye cherehani.

— Mwanangu, zile soli hazikuisha. Nilizisaga mimi.

Binti aliendelea kukaza kamba. Akafunga fundo. Ndipo akageuka.

— Zipi?

— Walikuja wakiniomba, ili uwauzie vingine. Nikaona ni mchezo. Lete kimoja.

Binti aliingia ndani, akarudi na kiatu. Mzee akakipindua kwenye mwanga, akachukua kidole gumba cha binti kwa mkono wake mwenyewe na kukipitisha kando ya kisigino.

— Unasikia mikwaruzo? Yote imelala upande mmoja. Mguu wa mtu hukwaruza huku na huku. Hii ni tupa. Nilijitahidi kuificha kwa msasa.

Kidole kilikwenda, kikarudi, kikasimama. Nyuma yao, kijiweni, birika lilisikika likitokota. Fundi Funguo hakugeuka, lakini alimsikia Refa akijipapasa mfukoni, na funguo zikalia, kama mtu anayehakikisha bado anazo.

— Yule mzee wa ngozi, alisema Polepole. Nilimwita mwizi, mjomba. Mbele ya mjukuu wake.

— Nitakwenda kwake mimi, kwa miguu yangu. Nitamwambia mwizi alikuwa nani.

Polepole alikuwa bado ameshika kiatu, macho yake yako juu ya mlango, mahali palipobaki neno moja tu ambalo kisu hakikulimaliza. Dereva alikuwa amemaliza kahawa yake, anakuja, anatafuta ufunguo wa gari kwenye shati.

— Sikuombi unisamehe leo, alisema Fundi Funguo. Nakuomba uishushe cherehani.